Kuku Juu ya Kofia ya Baba

Nebraska, 9 Juni 1934

Kaka Orrin,

Natumai u mzima huko Portland. Huku wote wazima, na yule ng'ombe mkorofi amezaa.

Sasa kaa kitako usije ukaanguka: Baba ameingia kwenye sinema! Wale watu wa filamu fupi za maajabu walisikia habari za kuku wetu anayepanda juu ya kofia ya Baba na kutulia hapo mpaka shamba liishe kulimwa. Jumanne wakaja na kamera yao.

Unamjua Baba. "Tokeni hapa! Mimi si kichekesho cha watu!" Halafu akapoa, akauliza, "Picha hii itafika mpaka Portland?"

"Itafika kila mji, mzee."

Akaenda kunyoa ndevu.

Tangu mgombane ukaondoka, mwaka wa pili huu, hajalitaja jina lako. Barua zako nazisoma kwa sauti, naye anajifanya anashona kiatu kile kile.

Kuku alifanya kazi yake vizuri. Aliyeharibu ni Baba. Aliambiwa mara tatu asitazame kamera, lakini alipofika mwisho wa tuta akasimamisha nyumbu wa plau, akamshusha kuku, akavua kofia na kuipunga. Yeye, ambaye hata gavana hakumvulia! Mpiga picha alicheka, akasema itabaki hivyo hivyo.

Nenda ukaitazame. Msimulizi atasema mzee anawaaga watazamaji. Usimsikilize, kaka. Anakuita wewe.

Mdogo wako,
Alvina