Glikojeni ya Kibonge

3 Februari

Mwanangu,

Marahaba kabla hujaamkia, maana najua ndivyo utakavyoanza. Mimi ni mzima. Mgongo unauma wakati wa kuinamia randa, na masikio ni yaleyale: kiwanda cha mbao kiliyala yote mawili, hakikubakiza hata la kusikilizia simu. Kwa hiyo tuvumiliane na barua. Vipi hali yako huko? Bado unapiga pasi makoti ya madaktari? Mikono haijaungua?

Sasa nikueleze jambo la mwanao, na usipige kelele kwanza. Mchana Kibonge hana neno. Anacheza na maranda chini ya benchi langu, anauliza maswali ambayo siyasikii, nami namjibu tu "ndiyo" na "hapana" kwa kubahatisha. Tabu ni asubuhi. Naenda kumwamsha namkuta amelowa jasho, baridi kama msumari, macho nusu, shingo haina nguvu. Nikimtia uji mdomoni kijiko kimojakimoja, baada ya muda anafufuka. Nimesema anafufuka, sikukosea neno. Kila asubuhi, mwanangu, mtoto huyu ananifia mikononi na kunirudia.

Zahanati wamesema minyoo, kwa sababu ya tumbo. Tumbo limekuwa kubwa kweli, na mashavu yamejaa. Majirani wananipongeza eti ninalisha vizuri. Dawa ya minyoo amekunywa mara mbili. Minyoo hawakuonekana, tumbo liko palepale, na kimo hakijaongezeka tangu nilipoweka alama kwenye mlango mwaka jana.

Nimechoka kupongezwa. Niambie nifanye nini.

Baba yako


20 Februari

Baba yangu mpendwa,

Shikamoo. Mimi sijambo kwa mwili. Moyo ndio umekaa vibaya tangu barua yako ifike.

Nimeisoma chumba cha kufulia, nimesimama katikati ya mashine. Kuna daktari mmoja mama mzee hapa, huwa anakuja mwenyewe kuchukua makoti yake kwa sababu anapenda kola isimame. Akaniona nalia. Nikamweleza yote: jasho, baridi, tumbo, mashavu, kimo. Hakuniambia pole. Aliuliza, "Akikaa muda gani bila kula ndipo anakuwa hivyo?" Nikasema sijui, niko mbali. Akachana kipande cha karatasi, akaandika neno moja, akaniambia: mtoto apelekwe hospitali kubwa, wapime sukari kwenye damu kabla hajala, na waonyeshwe neno hili.

Neno lenyewe nimelifunga ndani ya bahasha. Glikojeni. Alinieleza maana yake kwa haraka lakini sikuelewa vizuri, naogopa kukupotosha. Nenda tu, baba. Nenda kesho. Waambie glikojeni.

Mbusu kwenye paji la uso, upande ule wenye kovu dogo.

Wako, bintiyo


14 Machi

Mwanangu,

Salamu. Sisi ni wazima, na leo naandika neno hilo kwa maana yake.

Kwanza nicheke. Wewe uliandika "waambie glikojeni" bila maelezo, nami nikadhani ni jina la mtu. Nimefika mapokezi na mtoto mgongoni, nikamwambia karani kwa sauti ya kiziwi, "Namtafuta Bwana Glikojeni." Maskini akapekua orodha ya madaktari wote. Akaniandikia kwenye karatasi: "Mzee, huyu yupo kitengo gani?" Watu kwenye benchi walifurahi sana siku hiyo.

Basi akapita daktari wa watoto, msichana tu, kiatu kimefunguka kamba. Akaona karatasi yako, akamtazama Kibonge, akasimama kama aliyegongwa. Akaniandikia: "Neno hili umelipata wapi?" Nikasema kwa mama mmoja mwenye kupenda kola. Tukalazwa hapohapo siku mbili.

Sukari ya asubuhi ilikuwa chini mno. Ini limevimba hadi karibu na kitovu. Si minyoo wala si shibe. Ni ini lililojaa.

Daktari ana subira. Ananiandikia kwenye daftari, nami namjibu kwa mdomo. Anasema sisi binadamu tukila, sukari inayozidi haitupwi. Mwili unaziunganisha chembe zake, moja kwa nyingine, matawi juu ya matawi, unaziweka kwenye ini. Hiyo ndiyo glikojeni. Mimea inaweka wanga, sisi tunaweka glikojeni: wanga wetu wenyewe. Usipokula, ini linaikata vipandevipande, sukari inatoka na kuingia kwenye damu, ndiyo maana mtu analala hadi asubuhi na anaamka salama. Maana ya jina, anasema, ni "kizaa-utamu".

Mwanao kuweka anaweka. Kutoa ndiko hawezi. Kile kitu mwilini kinachofungua mlango wa mwisho hana, amezaliwa hivyo. Nikamwambia daktari, "Yaani kabati limejaa nguo na mtoto anakufa kwa baridi." Akaandika: "Mzee, hilo nitaliiba."

Dawa yake si kidonge. Ni wanga wa mahindi, ule mweupe unaoteleza kama poda, upimwe kwenye mizani, ukorogwe kwa maji baridi, anywe kila baada ya saa nne, mchana na usiku. Tumboni unayeyuka polepole na kumpa sukari kidogokidogo. Matunda na sukari ya mezani asipewe, maziwa kidogo sana. Damu yake wameipeleka mbali ili wahakikishe.

Nimenunua saa ya kengele. Siisikii, lakini nikiiweka chini ya mto inanitetemesha.

Baba yako


22 Aprili

Baba,

Shikamoo. Natumaini mko salama.

Barua yako ya Machi nimeisoma mpaka imechanika mikunjo. Nilimsomea daktari wangu mahali pa kabati, akacheka, kisha akafuta miwani.

Nimekuandikia mara mbili tangu hapo. Hujajibu. Je, anaukubali huo wanga? Majibu ya damu yamekuja? Niandikie hata mistari miwili.

Wako, bintiyo


9 Mei

Baba,

Shikamoo. Nimempigia simu jirani mshonaji. Nikamwuliza mwanangu yu hai? Akasema, "Yu hai." Nikasema nipe habari. Akajibu, "Baba yako kasema ataandika mwenyewe," akakata.

Andika basi.

Bintiyo


21 Mei

Mwanangu,

Yu hai. Nimetanguliza hilo, salamu zitafuata. Anakula, anatembea, jana kanichorea kinyago kwenye ubao mzuri niliokuwa nimeuweka kwa kazi ya mtu.

Sasa soma ukiwa umekaa.

Niliupika. Ule wanga. Wiki za kwanza nilikoroga kwa maji baridi kama nilivyoagizwa, lakini tumbo likawa linamsokota, anajamba hadi nahisi mtikisiko kama wa pikipiki, anakunja uso akiona kikombe. Mshonaji akaniandikia, "Fundi, nani alimpa mtoto unga mbichi akanenepa? Hata ng'ombe anapikiwa pumba." Nami nikaona anasema kweli. Nikasema kuna ubaya gani? Ni uleule, kipimo kilekile, nauchemsha tu uwe laini. Aliunywa wote, akalamba kikombe. Nilijiona mjanja.

Siku ya tatu alilala baada ya chakula cha mchana. Sikumwamsha, kwa sababu saa nne zilikuwa bado. Nilikuwa napiga msasa mlango. Nilipogeuka nilimwona anatetemeka chini ya benchi, miguu inapiga maranda, na kwa masikio haya hata sikujua ameanza lini. Nilikimbia naye hadi barabarani nikasimama mbele ya gari la kwanza. Dereva alitukana, nadhani, kisha akatubeba.

Siku tisa hospitali. Siku mbili za mwanzo hakunitambua.

Daktari hakunikaripia, na ningeshukuru kama angenikaripia. Alileta bilauri mbili: moja ya wanga mbichi kwenye maji, nyingine ya wanga uliopikwa ukapoa. Akaandika, "Tema mate, mzee." Nikadhani amechanganyikiwa. Nikatema kotekote. Tukasubiri, akanionyesha picha za mbwa wake. Kisha akadondosha ile dawa ya vidonda ya rangi ya kahawia, iodini. Bilauri ya mbichi ikawa buluu, nzito kama wino. Ile ya uliopikwa haikubadilika. Akaandika: "Buluu maana yake wanga bado upo. Huku umeshaliwa. Mate yako peke yake yameumaliza kwa muda mfupi hivi. Kupika kunaufungua. Ukiupika, sukari inakuja yote kwa mkupuo na inaisha. Ukiwa mbichi, unangoja."

Nilikaa nikitazama ile bilauri iliyokataa kuwa buluu.

Na kuna jingine. Aliniuliza kama katika ukoo kuna mtoto mwingine aliyekufa mdogo. Nikamweleza kuhusu kaka yako. Wewe hukumjua, alikutangulia, aliishi miezi saba. Alikuwa na mashavu hayohayo na tumbo hilohilo. Asubuhi moja mama yako alimkuta baridi. Mimi, kijana mpumbavu, nilimwambia mama yako maziwa yake ni maji, hakumshibisha. Nilimwambia mara moja tu, lakini mbele ya dada zake. Hatukulizungumza tena hadi nilipomzika mama yako.

Daktari aliandika kwamba hawezi kuapa, miaka ni mingi, lakini inaelekea ni ugonjwa uleule, na kwamba unatoka kwa wazazi wote wawili, nusu kwa nusu. Basi kama kulikuwa na upungufu, nusu ilikuwa yangu.

Ndiyo maana sikuandika. Nilianza barua nne. Mwanangu, njoo umchukue mtoto wako. Mzee kiziwi asiyefuata maagizo hafai kulea kitu kama hiki. Sitakulaumu.

Baba yako


8 Juni

Baba yangu,

Shikamoo.

Barua yako ilipofika nilitupa pasi chini. Nilikuchukia siku mbili nzima, nataka ujue, kwa sababu sitaki tuanze kufichana tena. Nilimwambia msimamizi naondoka, nikakunja nguo, nikamwendea daktari wangu kumuaga. Akanisikiliza. Kisha akaniuliza swali nililokuwa nalikimbia: "Wewe ulikaa naye mwaka mzima kabla ya kuja hapa. Hukuona kitu?"

Niliona, baba. Alikuwa akiamka na jasho. Nilikuwa nikimnyonyesha haraka, anachangamka, nami najiambia ni joto la chumba. Baba yake alikuwa ameshakwenda zake, kibali cha kazi kimetoka, na sikutaka kuona kitu chochote cha kunizuia. Nilikuachia mtoto mgonjwa nikakuita wewe mlezi. Wewe ulimtia uji kila asubuhi kwa miezi mingapi? Daktari anasema huo uji, na kuamka kwako alfajiri, ndivyo vilivyomfikisha hospitali akiwa hai. Kwa hiyo simchukui. Nakuomba uendelee naye mpaka mkataba wangu uishe mwezi wa kumi na mbili, halafu nije nikae.

Kuhusu mama. Sina la kukufariji, na sidhani unataka kufarijiwa. Lakini dada zake wawili wangali hai. Waliosikia lile neno na walisikie hili.

Mkorogee kwa maji baridi. Akikunja uso, mwimbie, hata kama husikii unavyokosea.

Wako, bintiyo


17 Septemba

Mwanangu,

Salamu. Tu wazima, na safari hii si neno la adabu tu. Majibu ya damu yalikuja, ni kama daktari alivyosema. Sukari yake ya asubuhi sasa inasimama. Ini limepungua vidole viwili. Na kwenye mlango nimechora alama mpya, juu ya ile ya zamani kwa upana wa kidole gumba. Niliipima mara tatu, kwa futi mbili tofauti.

Mama zako wadogo niliwaendea. Nilisema mbele yao wote, na mbele ya watoto wao. Mkubwa alilia. Mdogo aliandika kwenye daftari langu, "Umechelewa sana, shemeji." Kisha akanipakulia chakula. Nikala.

Jambo jingine. Wiki iliyopita daktari aliniita. Kulikuwa na baba mmoja, dereva wa lori, na mwanawe ana tumbo kama la Kibonge. Ameambiwa glikojeni, anadhani ni laana. Daktari akaandika, "Mweleze wewe, mzee, mimi hanielewi." Nikamweleza: kuweka, matawi, mlango wa mwisho, mbichi na si kupikwa. Akaniandikia, kwa nini mbichi? Nikaomba bilauri mbili nikamwambia, "Tema mate, bwana." Alinitazama kama mwendawazimu. Sasa ananijia karakana kila akipita na lori, tunalinganisha vipimo.

Mshonaji naye amebadilika. Anapiga hodi kwa kukanyaga sakafu ili nisikie mtikisiko, anakuja kunikumbusha saa. Hajaomba radhi, ila amemshonea Kibonge mfuko wa kikombe.

Baba yako


11 Januari
(juu ya meza, chini ya nyundo)

Mwanangu,

Karibu nyumbani. Ufunguo umeupata kwa mshonaji, bila shaka kakueleza yote kabla hujatua mzigo.

Basi lako limechelewa na leo ni siku yake ya kwanza chekechea, hakukubali tukungoje. Tunaondoka sasa, amevaa sare imemfika vifundoni. Mwalimu ana karatasi ya daktari, lakini nimemwambia wiki hii nitakuja mwenyewe; ukisoma haya nimekaa kwenye benchi la getini na watoto wananicheka.

Anakunywa saa nne kamili. Ukifika mapema, usioge wala usipange nguo. Pale kwenye mizani nimepima kipimo chake, kiko ndani ya kikombe chenye kifuniko; ukichelewa, ninacho kingine mfukoni. Chukua na chupa ya maji, fuata barabara hadi ukuta wa buluu wa chekechea.

Nimemwambia leo hakorogi babu.

Baba yako