Gleb Kwenye Foleni ya Mkate

Moscow, 11 Desemba 1919

Dada yangu Zinaida,

Pokea salamu zangu nyingi, nikitumaini wewe na watoto hamjambo. Kile kikohozi cha mwanao mdogo kimepungua? Mimi napumua, na kwa baridi ya mwaka huu hilo pekee ni la kushukuru.

Najua mlivyoshangilia huko Saratov mlipoonyeshwa filamu ya habari za juma tunayotengeneza hapa kazini kwangu, mkamwona mdogo wetu Gleb kwenye foleni ya mkate ya hapa Moscow, akicheka na kupuliza vidole. Tangu aende vitani hatukuwa tumepata habari zake. Mama hakungoja, akapanda treni kuja kumtafuta.

Kila asubuhi husimama kwenye foleni ile ile, akiuliza kila mtu kama amemwona mwanawe. Wanawake humfokea, "Bibi, usituzuge, panga foleni kama wenzio!" Sasa ana homa na miguu imevimba. Nikimsihi alale, hunijibu kwamba Gleb anaweza kupita yeye akiwa kitandani.

Zina, picha ile haikuwa ya juma lile. Filamu mpya ilituishia, na msimamizi wetu, Arkadi Lvovich, akaniambia nichukue ya zamani kabatini. "Foleni ni foleni, Lida. Baridi ile ile, njaa ile ile, nani atajua?" Nikaunga kipande cha mwaka juzi, iliyopigwa kabla Gleb hajaitwa jeshini. Sisi huunga filamu hasi, ambayo bado haijageuzwa kuwa picha ya kawaida, theluji ikiwa nyeusi na nyuso zikiwa giza tupu. Nilimshika mdogo wetu mikononi mwangu na sikumjua. Najichukia, dada.

Kumwambia Mama nimeshindwa. Kumwacha afie kwenye theluji pia nimeshindwa. Basi jana nilimwambia umeniandikia kwamba Gleb amefika kwako, amekonda lakini mzima, na anamwulizia. Alilia, akanibusu mikono, akaanza kufunga mzigo wake.

Posta haiaminiki siku hizi, kwa hiyo barua hii anaileta yeye mwenyewe. Hajui kusoma, nawe unajua. Ameishonea ndani ya koti, akidhani ni salamu zangu kwa Gleb.

Wabusu watoto kwa niaba yangu. Unapoisoma hii, Mama yuko mbele yako, hajavua hata shali, anatazama mlango wa chumba cha ndani. Mshike, Zina, kabla hajaufungua.

Mdogo wako,
Lidia