Mkalimani wa Mama

Mpendae, Unguja

Kaka Haroub,

Assalaam alaykum. Huku wazima. Bomba la uani limetengenezwa, na mwanangu Reem keshaanza kutembea.

Ulipopata nyota za uofisa huko Arabuni, Mama alitundika picha yako ukumbini. Ulipotolewa jeshini ukawekwa karibu na mfalme, alijisifu mtaa mzima. Basi uliposikika unakuja naye ziarani Mji Mkongwe, Mama akakupikia mkate wa kumimina, akaenda kusimama na kinamama waliokuja kumpokea mgeni.

Ukapita na joho lako la tarizi ya dhahabu. Akakunyooshea mkono uubusu, kama ulivyozoea tangu mdogo. Wewe ukamgeukia mkalimani, ukamuuliza kwa Kiarabu, "Bibi huyu anataka nini?"

Mkalimani, Haroub! Baina yako na Mama!

Mama akamjibu yule kijana taratibu, "Mwambie bwana nimekuja kumtazama mfalme tu."

Picha yako haijashushwa. Majirani wakiuliza, Mama huwaambia hukupewa ruhusa ya kufika nyumbani, ungekuja. Kwa hiyo nakuomba usije tena, usimfanye Mama mwongo.

Mdogo wako uliyemfundisha kusoma,
Shadya