Mzee Aliyepatikana Ng'ambo ya Mpaka

Jumanne. Hapa Guangzhou, Uchina, hatujaona jua wiki nzima, kuta za chumba zinatoka jasho na nguo hazikauki. Nimechoka, na kazi yenyewe sijafanya.

Baba alipanda basi Tanga kwenda kwa dada yake Mombasa. Alikataa kusindikizwa, maana hapendi kuambiwa ameanza kusahausahau. Mpakani alinipigia, akaniuliza kama nimekula. Baada ya hapo hakuna aliyemwona.

Polisi wa kwetu walimwambia mdogo wangu Bakari kwamba mzee ameshavuka, akaulize huko. Wa huko wakasema ripoti ilifunguliwa kwetu, wao hawana jalada. Baba yetu akapigwa danadana.

Ndipo Shangazi alipokwenda mahakamani Mombasa. Wiki iliyopita jaji akaamuru polisi wafungue jalada, washirikiane na wenzao wa Tanzania, kisha warudi kueleza walichofanya. Niliposoma ujumbe wake nilisujudu palepale, katikati ya marobota ya nguo.

Leo mchana nilikuwa soko la nguo la Shisanhang nikimchagulia mteja madera, Bakari akapiga.

"Dada, amepatikana! Polisi wa kule wamewaambia wa kwetu. Yuko hospitali, hajui jina lake. Umri uleule, na kovu la kipajini kama la Baba analo! Niko kwenye basi, nakwenda!"

Laoban, yaani mwenye duka, alikuwa bado ananitajia bei. Nikamwachia madera yake nikatoka nje. Nilicheka peke yangu kwenye watu.

Kisha Bakari akawa hapatikani, mtandao wa njiani. Askari wa kule, mwanamke mwenye sauti ya upole, alipomkosa akanipigia mimi kwa video. Namba yangu imo kwenye jalada kwa sababu ya ile simu ya Baba ya mpakani.

"Mtazame taratibu, dada," akasema. "Usiwe na haraka."

Akageuza simu. Nikamwona mzee mwembamba kitandani, kovu kipajini.

Hakuwa Baba.

Nilimtazama tena, nikitafuta pua ya Baba, masikio ya Baba. Niseme kweli: kwa kitambo nilimchukia mzee wa watu kwa kuwa si yeye. Naye akasogeza uso karibu na simu, akatabasamu.

"Mwanangu, umefika?"

"Bado, Baba," nikamjibu. Ningesema nini?

"Siye?" askari akaniuliza.

"Siye."

"Pole sana. Amri bado ipo. Tutaendelea kutafuta."

Namwamini. Lakini jaji anaweza kuwaamuru polisi washirikiane, hawezi kumwamuru Baba aonekane.

Ningepanda ndege leo hii. Pasipoti yangu iko uhamiaji, inasubiri kibali kipya cha kuishi hapa. Na hata ningefika, ningeanzia kutafuta wapi?

Jioni Bakari akapatikana. Nilikuwa nimeyapanga maneno, yakanikimbia yote. Nikasema tu, "Si yeye." Nikawa nasikia abiria wengine wakicheka nyuma yake.

"Dada, nishuke nirudi, au niendelee?"

Nikamwambia aendelee. Amwone yule mzee, ampelekee matunda, amuulize polepole watu wake ni akina nani. Akasema sawa, kwa sauti ambayo sijaisikia tangu akiwa mtoto.

Sasa nimekaa na chai iliyopoa. Shangazi ametuma ujumbe. Askari amemwambia kwamba kwa kuwa pande zote mbili sasa zinatafuta, wazee wengine watapatikana, hospitalini, misikitini, hata mochwari. Anauliza: "Nikuambie kila wanapompata mtu, au nisubiri mpaka wampate yeye?"

Nimeandika, "Niambie kila mmoja." Nikafuta. Nikaandika, "Yeye tu." Nikafuta.

Shangazi anaona kwamba naandika. Anasubiri.