Kimya Walichokisifu

Shangazi yangu mpendwa,

Ni matumaini yangu kwamba barua hii itakukuta u mzima, na kwamba mgongo umekupa nafuu.

Nina furaha kukuarifu kuwa nimealikwa kupiga piano pamoja na kundi la muziki wa roki, watu wapendao kujaribu sauti mpya, ambao hupiga gitaa hata kwa bisibisi. Tunafanyia mazoezi katika karakana ya zamani ya useremala. Nilipofika na karatasi zangu za noti, mpiga gitaa alicheka: "Msomi, weka hizo pembeni. Hapa unasikiliza, halafu unajibu."

Juzi mpiga gitaa alisimama kushoto kwangu akanihesabia moja hadi nne ili niingie, nami nikachelewa, pakawa na kimya kirefu. Nilitarajia lawama. Badala yake mpiga ngoma aliruka: "We! Kimya gani hicho! Kiache hapo hapo!" Sasa wamekifanya kuwa moyo wa wimbo, na wanasema nina ujasiri usiofundishwa chuoni.

Shangazi, haukuwa ujasiri, sikumsikia. Uliponifundisha piano ulizoea kunikaripia kwamba sikio la kufa halisikii dawa. Daktari amethibitisha kuwa langu la kushoto linakufa kweli, na dawa hana. Mama bado hajui.

Kesho, kabla hatujaanza, nitawaeleza wenzangu. Sihofii kufukuzwa. Nahofia kwamba watanibakisha, na tangu hapo, kila watakaponisifu, sitajua kama wameupenda muziki wangu au wananihurumia.

Akupendaye na kukuheshimu,
mwanafunzi wako wa kwanza