Vigari, Siku Mjomba Alipokuja Kunichukua

Mpendwa Baba,

Juzi niliiona picha yako umeshika pedi ya gemu kama mtu aliyeshika kuku anayetaka kuruka. Nikacheka peke yangu, kisha nikaikumbuka ile Jumamosi ya Mjomba, kicheko kikakatika.

Mama alikuwa ametutoka miezi michache nyuma. Kiwanda ulichofanyia kazi kilikuwa kimeuzwa, nawe ukiwa miongoni mwa waliopunguzwa ulikuwa unauza mitumba sokoni. Mjomba, kaka yake Mama, akatuma salamu kutoka kwao Matombo, milimani, kwamba anashuka mjini, tuna mazungumzo. Kwa Waluguru, watu wa Mama, mtoto ni wa ukoo wa mama yake, na wewe, mtu wa Tabora, hukuwa na la kupinga. Nilikuwa bado mdogo, lakini nilijua anakuja kunichukua.

Akafika na mkungu wa ndizi.

"Shikamoo, Mjomba."

"Marahaba, mwanangu. Mbona umekonda?" Akakutazama wewe.

Mazungumzo hayaanzi mgeni hajala, na wali ulikuwa bado jikoni. Hapo ukafanya kituko chako: ukaniita tucheze gemu. Mbele ya Mjomba!

Ilikuwa ile CD ya mbio za vigari aliyoipenda Mama. Mashine yake ya kwanza ilishakufa. Hii mpya iliisoma CD ya zamani ikijisikia. Siku hiyo haikujisikia. Ukaifuta kwa shati, ukaisugua kwa dawa ya meno, skrini ikabaki nyeusi. Jasho likakutoka.

"Shemeji, hiki ndicho kinachomlea mtoto?" Mjomba akauliza.

"Ni gemu la mama yake," ukajibu bila kugeuka.

Mara CD ikakubali, muziki ukalia. Nikachukua kigari cha kijani cha Mama, wewe na chako ukakaa nyuma yangu, ukiwagonga wote waliotaka kunipita. Mjomba akasogeza kiti.

"Mbona humpiti? Njia si iko wazi?"

"Kazi yangu ni huku nyuma, shemeji. Dada yako ndivyo alivyocheza naye."

Mjomba akainama, akakitazama kile kigari cha kijani mpaka mwisho. Nilishinda, sijui vipi, maana jicho langu moja lilikuwa kwake.

Wali ukaiva, tukala. Mjomba alipokwisha kunawa, akasema, "Mtoto abaki, asome. Likizo aje kwetu, apajue kwa mama yake." Ukasema asante, ukaenda kumsindikiza stendi.

Nikaingia chumbani kutafuta kandambili. Chini ya kitanda nikakuta begi: nguo zangu zote umezikunja, sare umeipiga pasi. Nilikasirika, Baba. Kumbe ulikuwa tayari kunitoa! Nikazirudisha kabatini kabla hujarudi, na hatukuwahi kulizungumza.

Sasa nina mtoto wa umri ule. Nikijaribu kufikiria namfungia begi lake ili wenye haki naye wamchukue, mikono inagoma. Sijui wewe uliwezaje. Hasira imekwisha, imebaki huruma, na nimechelewa kukupa.

Kuna moja sikukuambia. Chini kabisa ya begi lile nilikuta khanga ya Mama, ile uliyokuwa ukilala umeikumbatia tangu tulipomzika. Ulikuwa umenipa mimi niondoke nayo. Niliirudisha juu ya mto wako, nikatoka nje kukusubiri.

Pumzika, Baba yangu.

Binti yako