Zamu Yangu ya Kuchorwa

Jumamosi, saa kumi na moja jioni. Mvua imepiga mtaa wetu wa Free Area mpaka stima ikapotea, nami nimejifunika blanketi. Si baridi. Ni woga.

Wacha niseme ukweli, maana hapa hakuna anayenijua. Tangu nihame Molo baada ya ndoa kuvunjika, naweza kumaliza wiki nzima bila mtu kuniita jina. Kwa duka la agrovet ninakouza, wateja huangalia dawa ya ng'ombe, si mimi. Ndiyo maana nikajiunga na darasa la kuchora la Anti Hansa, nyanya wa Kihindi anayetufunza kwa veranda yake kule Milimani. Tuko wanafunzi sita.

Sheria yake ni moja: kila Jumamosi mmoja anakaa kwa stuli, wengine wanamchora uso, halafu anaenda nyumbani na michoro yote. Zamu yangu nimeikwepa mara mbili. Kwanza nilisingizia jino, halafu nikasema nina mgeni nyumbani. Mgeni gani, jamani!

Leo Anti alinishika mkono. "Chebet, leo hutoroki. Kaa."

Nikakaa. Watu watano wakanikazia macho. Niliogopa wataona yote. Kwamba naongea na redio. Kwamba bado napika ugali wa watu wawili, halafu nakula kiporo. Nikakaza uso kama mtu anayepigwa picha ya kitambulisho.

Sijawahi kuona nusu saa ndefu hivyo.

Baadaye wakanipa karatasi zao. Nne ni mimi, tena zimenipendelea. Ya tano ni ya Kamau, fundi wa pikipiki, mtu wa maneno machache. Amechora nywele, masikio na kola ya blauzi. Uso hakuna. Nikadhani ananidharau, nikamuuliza kwa ukali mbona hivyo.

Akainama. "Pole, Chebet. Ulikuwa karibu kulia. Nikaona si vizuri kuendelea kukuangalia."

Nilitoka hapo bila kuaga mtu.

Miaka miwili nimeomba mtu mmoja tu anione. Leo ameniona, nami nikakimbia kama mwizi. Naogopa nikirudi ataniuliza nina nini. Naogopa zaidi asiponiuliza.

Lakini Jumamosi ijayo nitarudi. Nitakaa kwa ile stuli kabla sijaitwa, nimwambie Kamau amalize uso wangu, hata nikilia.